Haji Mnoga, Beki wa Viwanja Vidogo

Wasikilizaji wa Dodoma, Kondoa, Mpwapwa, Manyoni na Singida, leo nataka kuzungumza nanyi habari za mpira wa miguu. Wala sitazungumza juu ya klabu kubwa za Ulaya, ambazo jezi zake zaonekana hata machungani, migongoni mwa vijana wachungao ng'ombe. Habari za klabu hizo pengine mwazijua kuliko mimi. Nataka kuwaelezeni habari za beki mmoja aliyezaliwa Uingereza, akafundishwa mpira huko, akacheza katika viwanja vidogo ambavyo hata Waingereza wengi hawajapata kuvikanyaga, kisha akaonekana mbele ya Afrika nzima amevaa jezi ya Tanzania. Jina lake ni Haji Mnoga.

Nimemchagua beki kwa makusudi, maana mabeki hawana bahati katika vitabu. Mfungaji huandikwa jina lake na dakika aliyofunga, na miaka hamsini baadaye wajukuu huweza kulisoma. Lakini kazi ya beki ni kuzuia jambo lisitokee, na jambo lisilotokea haliandikwi popote. Ninyi wa Ugogo mwaijua kazi ya namna hii. Mtu hujenga tembe lake, ng'ombe akawaweka ndani ya ua, akaufunga mlango kwa magogo, akalala sikio moja li macho. Asubuhi hapana jirani ajaye kumpongeza kwa kuwa fisi hakuchukua ndama. Siku fisi akichukua ndama, hapo ndipo kijiji kizima huja kuuliza ni nani aliyelala. Kadhalika mtoto akaaye ulinguni katika shamba la uwele kufukuza ndege: hapana awezaye kuhesabu masuke yaliyosalimika kwa ajili ya kelele zake. Ndiyo hali ya beki, na yule nitakayemsimulia amekuwa na hali hiyo mara mbili, maana alikuwa beki, tena beki wa klabu zilizo nje ya Ligi.

Yafaa basi tujue kwanza maana ya maneno hayo, nje ya Ligi. Waingereza walikutana mjini London mwaka 1863 wakaunda chama cha mpira na kuandika sheria zake. Kwa muda wa miaka ishirini na mitano palikuwa na michezo ya kirafiki na michezo ya kombe, lakini ligi hapakuwa. Mwaka 1885 chama kilikubali wachezaji walipwe mshahara, na hapo ikatokea taabu mpya. Mchezaji alipwaye kila juma yataka acheze kila juma, na watazamaji walipe kiingilio. Lakini klabu moja yaweza kualikwa leo na kesho ikaachwa, kwa kuwa mwenzake amepata mchezo mwingine ulio mzuri zaidi. William McGregor, Mskochi aliyekuwa na duka la nguo Birmingham na kiongozi wa klabu ya Aston Villa, ndiye aliyeandika barua kuwashauri wenziwe wapange michezo ya hakika, nyumbani na ugenini. Mwaka 1888 klabu 12 zilikubali, na hiyo ndiyo Ligi ya kwanza duniani. Ligi zote tuzijuazo, na yetu pia, zilitokana na mfano huo. Majina nayo yalisafiri: klabu tuiitayo Simba, iliyoanzishwa Dar es Salaam mwaka 1936, kwa miaka mingi iliitwa Sunderland, kwa jina la klabu ya Uingereza, mpaka mwaka 1971 ilipojipatia jina lake la leo.

Ligi ile ilikua, madaraja yakaongezwa, hata mwaka 1950 ikafikia klabu 92, na hesabu hiyo imedumu. Klabu nyingine zote, nazo ni nyingi sana, ziliitwa za nje ya Ligi. Ukuta uliokuwa kati ya hao na wale ulikuwa mgumu. Klabu zilizomaliza mkiani mwa daraja la mwisho hazikushuka hivi hivi. Ziliomba upya kuingizwa, na wenye Ligi wakapiga kura. Basi mwajua wenyewe kura za wazee wa baraza moja: ni mara chache mzee humtoa mzee mwenziwe ili amweke mgeni. Klabu ya Altrincham, iliyokuwa bingwa wa klabu za nje mwaka 1980, ilikosa kuingia kwa kura moja tu, na Rochdale, waliokuwa mkiani, wakabaki ndani. Mwaka uliofuata Altrincham wakawa mabingwa tena, wakakosa tena. Kwa maoni yangu hapana jambo katika historia ya mpira wa Uingereza lililokuwa na udhalimu wa wazi kama huo, nalo lilidumu karibu miaka mia bila ya wakubwa kuona haya.

Mlango ulifunguliwa mwaka 1987. Tangu hapo bingwa wa klabu za nje hupanda, na wa mwisho wa Ligi hushuka. Scarborough ndio waliokuwa wa kwanza kupanda kwa njia hiyo, na Lincoln City wakawa wa kwanza kushuka. Kwetu mambo ya kupanda na kushuka si mageni. Dodoma Jiji walipanda Ligi Kuu mwaka 2020, na mwaka huo huo jirani zao Singida United, waliokuwa wamepanda mwaka 2017 kwa kishindo kikubwa, wakashuka. Mtu wa uwanda huu wa kati hana haja ya kufundishwa uchungu wake.

Nisije nikawafanya mfikiri kwamba nje ya Ligi hapakuwa na utukufu. Palikuwa na wachezaji wa ridhaa, watu waliofanya kazi zao mchana, wakacheza Jumamosi bila ya mshahara, nao walikuwa na kombe lao wenyewe. Mwaka 1949 fainali ya kombe hilo ilichezwa kwa mara ya kwanza katika uwanja wa Wembley, na watu zaidi ya 90,000 walifika kutazama Bromley wakiishinda Romford bao 1 kwa 0. Likumbukeni jina la Bromley, maana tutalikuta tena. Mwaka 1974 tofauti ya kisheria kati ya mchezaji wa ridhaa na wa kulipwa ilifutwa. Tangu siku hizo katika klabu za nje wamo wanaoishi kwa mpira peke yake, na wamo wanaotoka kazini jioni wakaingia basi kwenda kucheza.

Sasa niseme neno juu ya kazi yenyewe ya beki, kisha nimlete mtu wetu. Zamani timu iliweka mabeki wawili tu, na sheria ya kuotea iliwasaidia sana, maana mshambuliaji alitakiwa awe na maadui watatu kati yake na mstari wa goli. Beki mwerevu alisogea mbele hatua mbili, na mara adui yake ameotea. Mchezo ukawa wa kusimamishwa simamishwa, watazamaji wakachoka. Mwaka 1925 sheria ilibadilishwa, wakatosha maadui wawili, na mabao yakaanza kuingia kama mvua ya masika. Ndipo Herbert Chapman, mwalimu wa Arsenal, alipomrudisha mchezaji wa katikati akae baina ya mabeki wawili. Mabeki wa pembeni wakapewa kazi ya kuwafuata mawinga, na baada ya miaka mingi wakapewa kazi nyingine tena juu ya hiyo: kupanda mbele kama mawinga wenyewe, kisha kurudi mbio. Beki wa kulia wa siku hizi hukimbia sana, na akikosekana mahali pake kwa sekunde tatu tu, hilo ndilo litakalokumbukwa. Mahali hapo, upande wa kulia, ndipo achezapo Haji Mnoga, ijapokuwa huweza pia kusimama katikati.

Alizaliwa mwaka 2002 Portsmouth, mji wa bandari kusini mwa Uingereza, mji wa manowari na mabaharia, naye ana damu ya Tanzania. Jina lake ukilisikia bila ya kuambiwa mahali, ungedhani mwenyewe amekaa barazani Unguja. Klabu ya mji ule, iliyoanzishwa mwaka 1898, imepata kuwa bingwa wa Uingereza mara mbili kwa mfuatano, mwaka 1949 na 1950, na mwaka 2008 ikatwaa kombe la chama cha mpira. Kisha madeni yakaikamata. Ilianguka daraja baada ya daraja, hata mwaka 2013 ikawa imefika daraja la nne. Kijana Mnoga basi alikulia katika klabu iliyokuwa ikijiinua kutoka mavumbini, wala si katika nyumba ya matajiri.

Mwaka 2018, akiwa na umri wa miaka 16, alichezeshwa katika timu ya wakubwa ya Portsmouth, katika lile kombe dogo la klabu za madaraja ya chini. Aliwahi pia kuitwa katika kikosi cha vijana wa Uingereza walio chini ya miaka 17. Mtu akiyasikia hayo atasema njia yake ilikuwa imenyooka. Haikuwa hivyo, na sababu yake imo katika kazi ya ubeki. Mwalimu wa timu huweza kumjaribu mshambuliaji kijana kwa dakika kumi za mwisho. Kijana akikosea, timu imepoteza nafasi moja. Beki kijana akikosea, adui amepata bao. Kwa hiyo walimu hupenda kuweka nyuma watu wazima, waliokwisha kukosea makosa yao mahali pengine. Na beki kijana atakosea wapi makosa yake, kama hapewi mahali pa kuchezea? Swali hilo limewaondoa wengi katika mpira kabla hawajafika miaka ishirini na miwili, nao hawakuwa na kosa jingine.

Waingereza wana dawa yao, nayo ni kuazimana wachezaji, au kama wasemavyo watu wa mpira, kumpeleka mchezaji kwa mkopo. Sisi wa nchi ya ng'ombe twaweza kuielewa upesi. Mwenye ng'ombe wengi humpa rafiki yake wa kijiji kingine baadhi yao awatunze. Rafiki atakunywa maziwa, lakini ng'ombe na ndama ni wa mwenyewe, na siku atakayowataka atawachukua. Klabu ndogo hupata miguu ya kijana, klabu kubwa huongezewa thamani ya mchezaji wake, na kijana mwenyewe hupata michezo. Ila ng'ombe hana wasiwasi wa mambo ya kesho, na kijana anao. Kila aazimwapo hujiuliza kama ametumwa kujifunza, au kama anaondolewa taratibu.

Kati ya mwaka 2021 na 2022 Mnoga alipelekwa Bromley, wale wale wa Wembley mwaka 1949, kisha Weymouth. Klabu zote mbili zilikuwa katika daraja la tano, ambalo ndilo la juu kabisa nje ya Ligi. Bromley ni mji uliomezwa na London. Weymouth ni mji wa pwani, wachezaji wake huvaa jezi za rangi ya udongo uliochomwa, kama vyungu vyetu. Msimu ule Weymouth walishuka daraja. Kuazimwa na klabu inayoshuka ni shule kali kwa beki, maana mashambulizi humjia mfululizo, na kila juma watu huja uwanjani wakiwa na hasira iliyokwisha kuwa tayari.

Viwanja vya daraja hilo si kama vile mvionavyo katika televisheni. Watazamaji ni elfu moja au mbili, na wengine husimama karibu sana na mstari. Katika uwanja wa watu 60,000 makelele ni kama upepo, hayana mwenyewe. Katika uwanja wa watu 1,000 beki husikia neno moja moja analoambiwa, na huweza kumwona aliyelisema. Wakati wa baridi mchezo huchezwa usiku wa Jumanne katika mvua, na washambuliaji wengi wa daraja hilo ni watu wazima wenye vifua vipana, ambao hawana tena mbio lakini wana viwiko na hila. Mpira hupigwa juu, na beki yampasa aruke na mtu wa namna hiyo mara thelathini katika mchezo mmoja. Kijana aliyelelewa katika chuo cha mpira, juu ya nyasi laini, ndipo atambuapo kwamba alikuwa hajauona mpira.

Msimu wa 2022 na 2023 aliazimwa na Gillingham, klabu ya daraja la nne, yaani ndani ya Ligi. Baada ya hapo, mwaka 2023, akatolewa tena nje, akaenda Aldershot Town. Wapo watakaosema kwamba huko kulikuwa kurudi nyuma. Mimi sisemi hivyo. Beki mwenye miaka ishirini na mmoja ni heri acheze kila Jumamosi daraja la tano kuliko kukaa benchi daraja la tatu akipashwa moto kama chakula cha jana.

Aldershot yastahili maelezo zaidi. Ni mji wa askari. Tangu karne ya kumi na tisa kambi kubwa ya jeshi la Uingereza imekuwa hapo. Wazee wa Kongwa, ambao husimulia habari za Waingereza waliokuja tangu mwaka 1947 kulima karanga, wengi wao wakiwa wametoka jeshini, wataweza kuwaza ulikuwa mji wa watu wa namna gani. Wakati wa vita vya 1939 mpaka 1945 wachezaji mashuhuri waliingizwa jeshini wakawekwa Aldershot kuwafundisha askari mazoezi ya viungo, na klabu ndogo ya mji ule ikajikuta ina mstari wa ulinzi wa timu ya taifa ya Uingereza: Cliff Britton, Stan Cullis na Joe Mercer. Vita vilipokwisha walirudi makwao, na Aldershot wakarudi katika umaskini wao. Mwezi wa Machi 1992 klabu hiyo ilifilisika katikati ya msimu, ikafutwa katika Ligi. Wenye kuipenda hawakutawanyika. Mwaka huo huo waliunda klabu mpya, wakaiita Aldershot Town, wakaanza ngazi tano chini ya pale walipokuwa. Walipanda mpaka wakaingia Ligi mwaka 2008, na mwaka 2013 wakashuka tena. Uwanja wao umo katika bustani ya watu wote.

Msimu ule wa Mnoga, Aldershot walifanya ajabu katika kombe la chama cha mpira. Mwezi wa Novemba 2023 walikwenda kwa Swindon Town, klabu ya daraja la juu yao, wakashinda mabao 7 kwa 4. Washambuliaji waliyasoma matokeo hayo kwa furaha. Mabeki, nadhani, walisoma hesabu ya upande mmoja tu. Wakaitoa na Stockport County, mpaka mwezi wa Januari 2024 walipofika kwa West Bromwich Albion wakafungwa 4 kwa 1. Lakini mwezi huo huo Afrika ilikuwa na mashindano yake.

Tanzania ilikuwa imefika fainali za Mataifa ya Afrika mara mbili tu. Ya kwanza ilikuwa mwaka 1980 mjini Lagos, na nahodha alikuwa Leodegar Tenga, naye ni beki. Miaka 39 ilipita mpaka ya pili, Misri mwaka 2019, ambako Taifa Stars walifungwa michezo yote mitatu. Njia ya kufika mara ya tatu ilifunguliwa tarehe 7 Septemba 2023 huko Annaba, nchini Algeria, na kwa matokeo gani? Sare ya bila bao. Taifa zima lilishangilia mchezo ambao ndani yake halikutokea hata jambo moja la kuandikwa katika orodha ya wafungaji. Kama mabeki wana sikukuu yao, basi ndiyo ile.

Sheria za mpira wa dunia humruhusu kijana aliyeitwa na timu ya vijana ya nchi moja kuichezea timu ya wakubwa ya nchi nyingine ikiwa ana haki nayo kwa asili yake. Mnoga alikuwa ameichagua Tanzania, na jina lake likawamo katika kikosi cha mabeki waliokwenda Ivory Coast. Hapo yalizuka maneno, nami siyadharau. Watu waliuliza: Ligi Kuu yetu ni daraja la kwanza la nchi, ina klabu zinazocheza na mabingwa wa Afrika, kwa nini tuende daraja la tano la Uingereza kutafuta beki? Je, vijana wa Dodoma na Singida, walioanza na mpira wa matambara juu ya udongo mwekundu, wakapanda kutoka wilaya hata mkoa, hawaoni kwamba mlango umefungwa kama ule wa Altrincham?

Swali hilo ni la haki, na mtu asijibu kwa kusema tu kwamba Ulaya ni Ulaya. Daraja la tano la huko si bora kuliko Ligi Kuu yetu kwa sababu tu liko huko. Lakini ngazi za nyumba mbili hazilinganishwi kwa kuhesabu vipandio. Yataka uone kila ngazi yaanzia wapi. Katika kikosi kile nguzo za ulinzi zilikuwa watu wa nyumbani, kama Bakari Mwamnyeto na Ibrahim Hamad wa Yanga na Mohamed Hussein wa Simba. Wala Mnoga hakuitwa ili aitie aibu Ligi Kuu. Aliitwa aongeze mtu upande wa kulia. Na aliyekuwa na wasiwasi angeweza kutazama upande wa pili siku ya mchezo wa kwanza. Beki wa kulia wa Morocco alikuwa Achraf Hakimi, aliyezaliwa Madrid, mchezaji wa Paris Saint-Germain. Morocco, walioingia nusu fainali ya Kombe la Dunia mwaka 2022, hawakuona haya kuwaita watoto wao waliozaliwa Ulaya. Basi katika mchezo mmoja kila upande ulikuwa na beki wa kulia aliyezaliwa Ulaya mwenye damu ya Afrika. Mmoja ametoka katika klabu tajiri kupita nyingi duniani, na wa pili katika uwanja wa bustani ya Aldershot.

Mchezo huo ulichezwa San Pédro tarehe 17 Januari 2024, na Tanzania ikafungwa 3 kwa 0. Baadaye mwalimu Adel Amrouche alifungiwa na wakubwa wa mpira wa Afrika kwa maneno aliyoyasema, na timu ikashikwa na Hemed Suleiman. Tarehe 21 walikutana na Zambia. Simon Msuva alifunga dakika ya 11, Zambia wakabaki watu kumi kabla ya mapumziko, na kwa zaidi ya saa nzima Tanzania ililinda bao moja. Dakika ya 88 Patson Daka akasawazisha kwa kichwa. Dakika mbili zaidi na ingekuwa mara ya kwanza kwa Tanzania kushinda mchezo katika fainali hizo. Yeyote aliyekesha akilinda zizi, kisha akasinzia alfajiri, hahitaji kuelezwa walivyojisikia. Mchezo wa tatu, tarehe 24 huko Korhogo, ulikuwa na Kongo ya Kinshasa, nao ukaisha bila bao. Tanzania ikarudi nyumbani na pointi mbili, na Mnoga akarudi daraja la tano.

Mwezi wa Aprili mwaka ule Portsmouth walipata ubingwa wa daraja la tatu, wakarudi daraja la pili baada ya miaka kumi na miwili. Mji ulijaa shangwe. Lakini klabu ipandayo hutafuta wachezaji wa daraja inakokwenda, na huwaaga baadhi ya wale iliowalea. Mnoga, aliyekuwa ameingia katika klabu hiyo akiwa mtoto, aliondoka kiangazi kile bila ya kupanda nayo. Nimetaja mambo haya mawili pamoja kwa sababu katika maisha ya wachezaji wengi yametokea pamoja, ijapokuwa picha za sherehe huonyesha moja tu.

Alijiunga na Salford City, karibu na Manchester, safari hii si kwa kuazimwa bali kwa mkataba wake mwenyewe. Salford nayo ni klabu iliyotoka nje. Mwaka 2014, ilipokuwa daraja la nane, ilinunuliwa na waliokuwa wachezaji wa Manchester United, akina Gary Neville na wenzake, na kwa fedha yao ikapanda mara nne katika miaka mitano, hata ikaingia Ligi mwaka 2019. Wako wasiopenda njia hiyo, wakisema fedha imefanya kazi ambayo Aldershot waliifanya kwa michango na jasho, nami sioni kwamba wamekosea sana. Huko katika daraja la nne Mnoga alizikuta jezi alizozifahamu: Bromley, baada ya miaka 132 tangu kuanzishwa, walikuwa wamepanda mwaka ule ule wa 2024 wakaingia Ligi kwa mara ya kwanza katika maisha yao.

Tarehe 11 Januari 2025 Salford walitumwa na bahati ya kombe kwenda kucheza na jirani zao Manchester City, waliokuwa mabingwa wa Uingereza. Walifungwa mabao 8 kwa 0. Kisha wakarudi katika uwanja wao mdogo wenye nafasi ya watu wapatao 5,000, kwa kuwa michezo ya daraja la nne ilikuwa ikiwangoja.